Maswali ya Wasomaji: Deni la Zambia, shaba yake na njia zake za kwenda baharini

Barua zilizotufikia kuhusu Zambia zinagusa deni, migodi, mvua na majirani. Tumeziweka pamoja kwa sababu ukivuta uzi mmoja, mwingine unafuata.

Ndugu Mhariri, nakumbuka Zambia ilisamehewa madeni mwaka 2005. Ilikuwaje miaka kumi na mitano baadaye ikashindwa tena kulipa? Fedha ziliibwa? (Msomaji, Morogoro)

Kumbukumbu yako ni sahihi. Aprili 2005 Zambia ilikamilisha masharti ya HIPC, mpango wa kuzifutia madeni nchi maskini zenye madeni makubwa, na deni la nje lililokuwa karibu dola bilioni 7 likashuka hadi chini ya bilioni moja. Shaba ikapanda bei, uchumi ukakua, na mwaka 2011 Benki ya Dunia ikaiweka Zambia katika kundi la nchi za kipato cha kati cha chini. Heshima hiyo ina gharama. Nchi ikishapanda daraja, mikopo ya riba ndogo ya miaka arobaini huanza kupungua, na waziri wa fedha hulazimika kubisha hodi kwenye masoko ya biashara.

Zambia ilibisha hodi mara tatu kwa kuuza hatifungani za dola, yaani hati za mkopo zinazonunuliwa na wawekezaji. Septemba 2012 ilikopa dola milioni 750 kwa riba ya asilimia 5.375. Aprili 2014 ikakopa dola bilioni 1 kwa asilimia 8.5, na Julai 2015 dola bilioni 1.25 kwa asilimia 8.97. Kila mkopo ulikuwa ghali kuliko uliotangulia, na hilo peke yake lilitosha kuwashtua wahusika. Hatifungani mbili za kwanza zilitaka mtaji wote ulipwe kwa mkupuo mmoja, mwaka 2022 na mwaka 2024. Riba unailipa kila miezi sita, unazoea, unadhani mambo yanakwenda, kumbe siku ya mtaji inasogea na hakuna kilichowekwa akiba. Sambamba na hatifungani kulikuwa na mikopo ya China kwa ajili ya miradi: barabara, jengo jipya la uwanja wa ndege wa Lusaka, bwawa la umeme la Kafue Gorge Lower lenye uwezo wa megawati 750.

Sasa tazama sarafu. Riba ya nusu mwaka ya hatifungani ya 2014 ni dola milioni 42.5. Mkopo ulipochukuliwa, dola moja ilikuwa karibu kwacha 6, kwa hiyo serikali ilihitaji kukusanya kodi ya kwacha kama milioni 255 kuilipa. Kufikia Novemba 2020 dola ilikuwa karibu kwacha 21. Riba ileile, bila kuongezeka hata senti, ilidai kwacha zaidi ya milioni 890. Barabara iliyojengwa kwa mkopo ule hukusanya ushuru kwa kwacha, na Zesco, shirika la umeme, huwauzia wananchi umeme kwa kwacha. Dola inaletwa na shaba, ambayo ni karibu asilimia 70 ya mauzo ya nje, na bei ya shaba haipangwi Lusaka.

Wizi na upotevu vilikuwepo. Mwaka 2017 watu waliandamana Lusaka kupinga ununuzi wa magari 42 ya zimamoto kwa dola milioni 42, na walikuwa na haki ya kuuliza. Lakini hata kama kila dola ingetumika kwa uaminifu, nchi iliyokopa kwa dola, kwa muda mfupi, kujenga vitu vinavyolipa kwa kwacha na kwa muda mrefu, ingekwama shaba ikianguka. Ilianguka mwaka 2015, na mwaka huo mvua pia zikawa chache. Korona ilipoingia, akiba ilikuwa imekwisha. Riba iliyotakiwa tarehe 14 Oktoba 2020 haikulipwa, siku 30 za nyongeza zikapita, na tarehe 13 Novemba Zambia ikawa nchi ya kwanza Afrika kushindwa kulipa deni katika kipindi cha korona.

Nimesoma kwamba mazungumzo ya kupanga upya deni yalichukua zaidi ya miaka mitatu. Ni China iliyochelewesha? Mbona mtu akishindwa kulipa benki wanaitana na kumaliza? (Msomaji, Nairobi)

Mtu hudaiwa na benki moja au mbili, na kuna mahakama ya kufilisi inayoweza kuwalazimisha wadai wote kukubaliana. Kwa nchi hakuna mahakama ya namna hiyo. Zambia ilikuwa na wadai wa aina nne: serikali nyingine, hasa China kupitia Benki yake ya Exim, wenye hatifungani walioko London na New York, benki za biashara, zikiwemo za China, na taasisi kama Shirika la Fedha la Kimataifa (IMF) na Benki ya Dunia, ambazo kwa desturi madai yao hayapunguzwi. Kila mmoja anaogopa kusamehe kwanza, kwa sababu nafuu atakayoitoa inaweza kutumika kumlipa mwenzake kikamilifu. Hofu hiyo ndiyo iliyowafanya wenye hatifungani wakatae, mwaka 2020, ombi la kusimamisha malipo kwa miezi sita. Walitaka kwanza kujua mikopo ya China ni kiasi gani na ina masharti gani, na mikataba mingi ilikuwa na vifungu vya usiri.

Mapema mwaka 2021 Zambia iliomba kushughulikiwa chini ya Mfumo wa Pamoja wa G20, kundi la nchi zenye uchumi mkubwa. Mfumo huo huenda kwa hatua, na mlango wa kila hatua haufunguki mpaka iliyotangulia ikamilike.

Kwanza, IMF na serikali hukubaliana kuhusu mpango wa uchumi. Hilo lilifanyika Desemba 2021, baada ya Hakainde Hichilema kumshinda Rais Edgar Lungu katika uchaguzi wa Agosti. IMF hupiga hesabu ya uwezo wa nchi kulipa, na hapo hujulikana wadai wote kwa jumla wapunguze kiasi gani. Kisha serikali zinazodai huunda kamati. Ya Zambia iliongozwa kwa pamoja na China na Ufaransa, Afrika Kusini ikiwa makamu. Kamati lazima itoe ahadi ya maandishi kwamba itapunguza, na bila ahadi hiyo bodi ya IMF haitoi fedha. Ahadi ilitoka mwisho wa Julai 2022, na tarehe 31 Agosti bodi ikaidhinisha dola bilioni 1.3.

Baada ya hapo masharti yenyewe yalichukua karibu mwaka mzima. Hapa ndipo mahali pa kujibu swali lako kuhusu China. Ndiyo, ilichangia ucheleweshaji, na sababu zake zilikuwa za kweli kwa upande wake. Benki za China hazina mazoea ya kufuta mtaji. Huona afadhali kurefusha muda. China pia ilitaka taasisi za kimataifa nazo zibebe hasara. Halafu kulikuwa na mvutano juu ya mikopo iliyotolewa na benki za biashara za China lakini ikakatiwa bima na shirika la serikali ya China: ihesabiwe ya serikali au ya biashara? Sehemu yake iliishia upande wa biashara, na deni lililokuwa mbele ya kamati likashuka kutoka kama dola bilioni 8 hadi bilioni 6.3.

Juni 2023, Paris, serikali zikakubali: dola bilioni 6.3, kati yake bilioni 4.1 za Benki ya Exim ya China, zilipwe hadi mwaka 2043, miaka mitatu ya mwanzo bila kulipa mtaji, riba asilimia 1 mpaka 2037. Uchumi ukiimarika kuliko ilivyotarajiwa, riba inapanda na muda unafupishwa.

Wengi walidhani kazi imekwisha. Novemba 2023 serikali ya Zambia na wenye hatifungani walikubaliana, lakini kamati ikaukataa mpango huo kwa kuwa uliwapa wenye hatifungani masharti mazuri kuliko ya serikali. Kanuni ni kwamba wadai wote watendewe kwa uwiano unaolingana. Safari hiyo waliokwamisha hawakuwa China peke yake. Mpango uliorekebishwa ulikubalika Machi 2024 na kukamilika Juni: hatifungani tatu za zamani zikabadilishwa kwa mbili mpya, na wenye hatifungani wakaacha madai ya kama dola milioni 840. Hesabu ya wadai wa biashara waliosalia iliendelea baada ya hapo.

Muda wote huo Zambia haikuwa ikiwalipa wengi wa wadai hao, na hiyo ilikuwa nafuu. Hasara ilikuwa upande wa pili: mwekezaji anayeangalia nchi ambayo deni lake halijulikani litaishia wapi hufunga pochi, na kwacha hubeba mashaka hayo kila siku sokoni.

Je, ni kweli China ilichukua uwanja wa ndege na Zesco kwa sababu ya deni? (Msomaji, Tanga)

Hapana. Uvumi huo ulienea sana mwaka 2018 na serikali ikaukanusha. Uwanja na Zesco vimebaki mali ya umma. Linalostahili kuchunguzwa zaidi ni vifungu vinavyotaka mapato ya mradi yapitie akaunti maalumu ambayo mkopeshaji ana haki ya kuigusa kwanza. Kifungu cha namna hiyo hakichukui jengo, lakini kinamweka mkopeshaji mmoja mbele ya foleni bila wengine kujua. Mbunge anayetaka kulinda nchi yake aulize kuhusu akaunti hizo, kuhusu sarafu ya malipo, na kuhusu sheria ya nchi gani itakayotumika pakitokea mgogoro.

Bei ya shaba duniani iko juu. Kwa nini wananchi wa kawaida hawaoni fedha hizo? Serikali inapata nini hasa kwa kila tani? (Mwalimu wa uraia, Mbeya)

Mwalimu, tupige hesabu ya mrabaha, yaani malipo kwa serikali kwa kila tani ya madini, maana ndio unaolipwa hata mgodi ukisema haujapata faida. Tangu Januari 2023 unakatwa kwa ngazi. Dola 4,000 za kwanza za bei ya tani hutozwa asilimia 4; dola 1,000 zinazofuata asilimia 6.5; dola 2,000 zinazofuata asilimia 8.5, na chochote kinachozidi dola 7,000 hutozwa asilimia 10.

Chukua bei ya dola 9,000 kwa tani. Ngazi ya kwanza inatoa dola 160, ya pili 65, ya tatu 170, ya nne 200. Jumla ni dola 595, yaani takribani asilimia 6.6. Kabla ya badiliko hilo, bei ikifika ngazi ya juu kabisa, asilimia 10 ilitozwa kwenye tani nzima: dola 900. Serikali iliacha kama dola 305 kwa kila tani kwa bei hiyo, ikitarajia kwamba migodi itawekeza na kuchimba zaidi. Mwaka 2024 Zambia ilizalisha tani kama 820,000, na lengo lililotangazwa ni tani milioni 3 kwa mwaka kufikia 2031. Kwa maoni yetu lengo hilo ni la juu mno kwa muda uliobaki, hasa ukizingatia umeme, lakini mwelekeo wa kodi unaeleweka.

Juu ya mrabaha kuna kodi ya faida ya asilimia 30. Hapo ndipo fedha hupotelea, kwa sababu faida inaweza kupunguzwa kwenye vitabu. Mgodi unaiuzia kampuni dada iliyoko nje kwa bei ya chini kuliko ya soko, faida inaonekana kule. Mei 2020 Mahakama ya Juu ya Zambia iliamua kesi ya aina hiyo dhidi ya mgodi wa Mopani kuhusu shaba iliyouzwa kwa mmiliki wake, Glencore, miaka ya 2006 hadi 2009. Kodi iliyodaiwa ilikuwa kwacha milioni 240. Angalia tarehe: mauzo ya 2006, hukumu ya 2020. Hii ndiyo sababu mrabaha unapigiwa hesabu kwa bei ya Soko la Metali la London, bila kujali bei iliyoandikwa kwenye ankara.

Kosa jingine ni kubadilisha sheria kila mara. Kodi ya faida ya ghafla ilianzishwa 2008 na kufutwa 2009. Januari 2015 mrabaha wa migodi ya wazi ulirushwa hadi asilimia 20, na Julai mwaka huohuo ukashushwa hadi 9. Mgodi hupangwa kwa miaka ishirini au thelathini. Mwekezaji asiyejua kodi ya mwaka kesho huchimba kilicho rahisi leo na kuacha mwamba mgumu wenye madini zaidi.

Kenya tumeona vijana barabarani kwa sababu ya kodi. Zambia iliondoa ruzuku ya mafuta na nchi haikuwaka. Walifanyaje? (Msomaji, Kisumu)

Iliwahi kuwaka. Desemba 1986 ruzuku ya unga wa mahindi ilipunguzwa, miji ya Copperbelt, mkoa wa migodi ya shaba, ikalipuka, watu wakafa, na bei ikarudishwa. Mei 1987 Rais Kenneth Kaunda akavunja mpango na IMF. Juni 1990 bei ya unga ikapandishwa tena kwa zaidi ya mara mbili, ghasia zikarudi, kukafuata jaribio la mapinduzi, na Oktoba 1991 Kaunda akashindwa katika uchaguzi wa vyama vingi na Frederick Chiluba. Kila mwanasiasa wa Zambia anaijua orodha hiyo kwa kichwa.

Desemba 2021 serikali ilikuwa na miezi minne tu madarakani, ushindi bado mbichi, na iligusa mafuta, haikugusa unga. Pia ilitoa kitu kinachoonekana kwa macho: kuanzia 2022 ada za shule za umma zilifutwa hadi sekondari, na mfuko wa maendeleo wa jimbo ukapanda kutoka kwacha milioni 1.6 hadi milioni 25.7 kwa kila jimbo kati ya majimbo 156 ya wakati huo. Mzazi aliyelipa nauli zaidi aliona mtoto karudi darasani.

Unga bado ni mtego. Serikali hununua mahindi ya wakulima kupitia Wakala wa Akiba ya Chakula, na wakulima wanataka bei ya juu. Mjini wanataka unga wa bei ya chini. Tofauti inalipwa na bajeti. Tangu katiba ya 2016 mgombea urais anahitaji zaidi ya nusu ya kura, kwa hiyo hawezi kuchagua kijiji akaacha mji. Anayefuatilia uchaguzi wa Agosti 2026 atazame bei ya kununulia mahindi na thamani ya kwacha kabla ya kutazama mikutano ya hadhara.

Ziwa Kariba ni kubwa mno. Linakosaje maji ya kuzalisha umeme? (Mwanafunzi, Dodoma)

Ni kubwa, lakini mitambo inaweza kutumia tabaka la juu tu: kati ya mita 475.5 na 488.5 juu ya usawa wa bahari. Ni mita 13. Chini ya hapo maji yapo, samaki wapo, umeme hakuna. Na maji hayo ni ya nchi mbili. Mamlaka ya Mto Zambezi huzigawia Zambia na Zimbabwe kiasi cha mwaka sawasawa. Mwaka 2024 zilipewa mita za ujazo bilioni 8 kila moja. Nchi moja ikivuta zaidi ya fungu lake mapema, zote mbili hujuta mwezi Novemba.

Ukame wa msimu wa 2023/24 ulikausha kama hekta milioni moja za mahindi, na tarehe 29 Februari 2024 ukatangazwa kuwa janga la taifa, wilaya 84 kati ya 116 zikiwa zimeathirika. Kwa kuwa zaidi ya asilimia 80 ya umeme ilitokana na maji, mgawo ulifika mahali watu wakakaa gizani saa 21 kwa siku. Migodi ilinunua umeme kutoka nje kwa dola, serikali ikaagiza mahindi kwa dola, na yote hayo mwaka uleule nchi ilipokuwa ikimaliza kupanga upya deni la dola.

Marekani imekata msaada wa dawa. Ni adhabu ya kuwa karibu na China? (Msomaji, Iringa)

Sababu iliyotolewa Mei 2025 ni wizi: dawa zilizotolewa bure zilikutwa zikiuzwa katika maduka ya dawa nchini. Kiasi kilichokatwa ni dola milioni 50 kwa mwaka. Ukitaka kumlaumu mtu, anza na bohari na leja zake. Bado ni funzo la bajeti kwa nchi yoyote: dawa za kila siku za mgonjwa hazifai kutegemea sahihi ya balozi.

Sisi tunaoishi kwa malori hapa mpakani tunaambiwa reli ya Lobito itachukua shaba yote. Je, TAZARA na Tunduma vimekwisha? (Wakala wa forodha, Tunduma)

Havijakwisha, lakini msilale. Zambia haina bahari na inapakana na nchi nane. Busara yake ni kuwa na milango mingi, na imefanya hivyo kwa makusudi. Reli ya Lobito, inayoelekea bandari ya Lobito nchini Angola, imekodishwa kwa miaka 30 kwa kampuni za Trafigura, Mota-Engil na Vecturis, na shirika la fedha za maendeleo la Marekani limeahidi mkopo wa dola milioni 553. Shaba inayopita huko kwa sasa ni hasa ya Kongo. Kipande kinachoingia Zambia moja kwa moja, kilomita kama 800 kutoka Luacano nchini Angola hadi Chingola, bado kinahitaji kujengwa.

Upande wetu, TAZARA ina kilomita 1,860 kutoka Dar es Salaam hadi New Kapiri Mposhi. Mwaka 2025 ilisainiwa makubaliano ya miaka 30 na kampuni ya China, CCECC: dola bilioni 1.4, miaka mitatu ya ukarabati na 27 ya uendeshaji. Wengi wanaona hapo Marekani na China zikishindana, na ni kweli, lakini mteja wa zote mbili ni mgodi uleule.

Kinachowagusa ninyi mapema zaidi kimeshatokea: mwaka 2023 bomba la TAZAMA, kilomita 1,710 kutoka Dar es Salaam hadi Ndola, liliacha kubeba mafuta ghafi na kuanza kubeba dizeli. Kazi hiyo ilikuwa ya malori ya tenki. Shaba ya vibao ni nzito na ya thamani, na mwenye mgodi huhesabu gharama kwa tani pamoja na siku ambazo fedha zake zimelala njiani. Lori linalokaa foleni siku nyingi Nakonde, upande wa Zambia wa mpaka wenu, linampeleka mteja kwenye reli, iwe ya mashariki au ya magharibi. Nyaraka zikaguliwe kabla ya gari kufika, mzigo wa kupita usichanganywe na wa kuingia nchini, na dhamana ya forodha ifungwe kwa wakati. Upana wa reli ya TAZARA, ya Zambia na ya Lobito ni mmoja, milimita 1,067, kwa hiyo njia zikishakarabatiwa behewa lililopakiwa Copperbelt litaweza kugeuzwa upande wowote.